Jirani hamjui, ila paka wake anamjua

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mwaka jana nilikaa miezi mitatu kwa mdogo wangu, karibu na Dayton, jimbo la Ohio. Jirani wa kushoto sikumwona nje hata siku moja, lakini kwenye simu mdogo wangu alinionyesha kundi la mtaa ambako jirani huyohuyo anagombana na watu usiku kucha kwa sababu ya mbwa aliyekojolea maua. Siku nyingine mdogo wangu, ambaye jioni hupeleka watu chakula kwa gari lake, alikuta picha yake mwenyewe kwenye programu ya majirani, na chini yake: nani anamjua huyu, anazungukazunguka hapa. Alikuwa anatafuta namba ya nyumba, mkononi ana piza ya watu! Gazeti sikuliona hata la kufungia vitumbua. Je, ni intaneti iliyowafanya Wamarekani hivi, au ndivyo walivyo tangu zamani? Halafu mdogo wangu anauliza kama na yeye afunge kamera ya mlangoni. Msomaji, Tanga.

JIBU: Marahaba, dada yangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, na mara ya pili kilichonishika ni hilo gazeti la kufungia vitumbua, ulilolitaja kama utani ukapita. Nitalirudia. Kwanza niitetee intaneti kwa kosa ambalo si lake.

Huyo jirani asiyeonekana hakuanza na simu. Baada ya Vita Kuu ya Pili, familia za Marekani kwa mamilioni zilihamia viunga vya miji, kwenye nyumba zenye majani mbele na gereji ubavuni. Mtu huingia garini akiwa bado ndani ya gereji, hubonyeza kidude, mlango ukapanda, akatoka. Jioni hurudi vilevile, mlango ukashuka nyuma yake. Hata baraza, ambalo kwenye nyumba za kale lilitazama njia, wajenzi walilihamishia uani. Ndani kuna televisheni, na mwenye televisheni hahitaji hodi ya mtu.

Mwaka 1995 mwanazuoni wa Harvard, Robert Putnam, alitoa mfano ambao wanafunzi wangu huupenda. Wamarekani wana mchezo wa bowling, wa kubingirisha tufe zito ili liangushe pini. Kati ya 1980 na 1993 wachezaji waliongezeka kwa asilimia 10, ila waliocheza katika ligi, yaani kwa timu zinazokutana kila wiki, walipungua kwa asilimia 40. Watu walikuwa bado wanacheza, timu ndizo zilizokuwa zinakufa. Na mwaka huo wa 1995 Mmarekani mzima mmoja tu kati ya saba ndiye aliyekuwa anatumia intaneti. Kwa hiyo nusu ya swali lako imejibika: ukimya wa mtaa ule waliujenga wenyewe kwa lami, petroli na televisheni, kabla kompyuta haijafika sebuleni.

Sasa gazeti.

Nilifika Ohio kusoma mwaka 2003, katika mji mdogo wa chuo. Jumapili gazeti lilikuwa linatupwa mlangoni likitoa kishindo cha kukuamsha, maana lilikuwa zito kweli. Uzito ule ulikuwa wa matangazo: magari yaliyotumika, vyumba vya kupanga, nafasi za kazi, na kuponi za kukata kwa mkasi ili upunguziwe bei ya sabuni. Habari za mji zilikuwa kurasa chache, na nyingi, niseme ukweli, zilikuwa zinachosha. Bodi ya shule imejadili mabasi mapya. Halmashauri imeahirisha zabuni ya bomba la maji taka. Kuna tanzia za wazee zenye kueleza hadi kanisa waliloimba kwaya. Nilizisoma ili nijifunze Kiingereza, basi. Sikujua kwamba nilikuwa nimeshika kitu ambacho baada ya miaka michache ningekuwa nakifundisha kama historia.

Kuna mtu alikuwa analipwa mshahara akae kwenye kile kikao cha maji taka hadi saa nne usiku. Mshahara ule haukutoka hasa kwenye bei ya gazeti, ambayo ilikuwa ndogo. Ulitoka kwa anayeuza gari lake, anayetafuta mpangaji, na duka la fanicha. Wao hawakuwa na haja na maji taka. Walikuwa wanataka macho ya watu, na kwa bahati macho yale yalipitia mlango mmoja na habari za halmashauri. Ulikuwa mkataba wa ajabu ambao hakuna aliyekaa chini akauandika.

Mwaka 1995 huohuo, San Francisco, mtaalamu wa kompyuta aitwaye Craig Newmark alianza kuwatumia rafiki zake barua pepe za matukio ya mjini. Orodha ile ikawa Craigslist, mahali pa kutangaza karibu kila kitu bila kulipa. Mimi mwenyewe godoro langu la pili nililipata huko, na gazeti sikulikumbuka hata kidogo. Baadaye zikaja Google na Facebook, zikachukua matangazo makubwa yaliyobaki, kwa sababu zinaweza kumwonyesha tangazo la matairi mtu aliyetafuta matairi jana yake. Magazeti ya Marekani yaliingiza karibu dola bilioni 49 za matangazo mwaka 2005. Kufikia 2020 zilikuwa hazifiki bilioni 10. Watu waliokuwa wakifanya kazi kwenye vyumba vya habari vya magazeti walishuka kutoka kama 71,000 mwaka 2008 hadi kama 31,000 mwaka 2020. Zaidi ya theluthi moja ya magazeti yaliyokuwapo mwaka 2005 leo hayapo, na zaidi ya kaunti 200 hazina chombo chochote cha habari cha kwao. Hukohuko Ohio, mji wa Youngstown ulilipoteza gazeti lake, Vindicator, mwezi Agosti 2019, likiwa limetimiza miaka 150.

Nisimtwike Newmark mzigo wote. Wamiliki wengine walikopa kupita kiasi ili wanunue magazeti zaidi. Wengine waliuza kwa makampuni ya uwekezaji ambayo kazi yake ni kukamua ng'ombe hadi damu. Newmark mwenyewe mwaka 2018 aliitolea shule ya uandishi wa habari ya New York dola milioni 20, na sasa shule hiyo inaitwa kwa jina lake. Mwanafunzi wangu mmoja alisema hiyo ni kafara.

Kikao kisicho na mwandishi huwaje? Chukua Bell, mji mdogo wa watu wa kipato cha chini karibu na Los Angeles, wenye wakazi chini ya elfu 40. Mwezi Julai 2010 waandishi wa Los Angeles Times, ambao hapo mwanzo walikuwa wanachunguza mji wa jirani, waligundua kwamba mkurugenzi wa mji wa Bell, Robert Rizzo, anajilipa karibu dola 800,000 kwa mwaka. Alianza kazi pale mwaka 1993 kwa mshahara wa dola 72,000. Madiwani nao, kwa kazi ya muda mfupi mfupi, walikuwa wakipata karibu dola 100,000 kila mmoja. Hakuna aliyevunja mlango usiku. Vyote vilifanyika ndani ya ofisi za mji, na hakuna mwandishi aliyekuwa anachungulia. Rizzo alihukumiwa kifungo cha miaka 12 mwaka 2014.

Watafiti wa fedha nao wamepima jambo hili. Mji wa Marekani ukitaka kujenga shule au hospitali hukopa kwa kuuza hati fungani. Walikuta kwamba gazeti la mahali likifungwa, riba ya mikopo hiyo hupanda kwa kati ya asilimia 0.05 na 0.11. Unaweza kusema ni kidogo. Kwenye mkopo wa dola milioni 100, asilimia 0.1 ni dola laki moja kila mwaka, nayo hulipwa na watu walioona wameokoa pesa kwa kuacha kununua gazeti. Mkopeshaji anajua: mahali pasipo na mtu wa kuchungulia, fedha huota miguu.

Nimekaa hapa kwenye gazeti kwa makusudi, maana bila hili kundi la simu la mtaa wa mdogo wako halieleweki. Watu hawakuacha kutaka kujua ya mtaani. King'ora kile cha nini? Kwa nini barabara imefungwa? Nani kafa? Maswali ni yaleyale, ila aliyekuwa analipwa kuyajibu hayupo, kwa hiyo anajibu yeyote mwenye simu. Sisi watu wa pwani kijiwe cha kahawa tunakijua vizuri, na umbea wake tunaujua pia. Lakini kijiweni kuna mzee atakayekuuliza, "Wewe umeyaona, au umeambiwa?" na utajikuna kichwa mbele ya watu. Kundi la Facebook lina watu elfu kadhaa na halina mzee huyo.

Kilomita arobaini tu kutoka Dayton kuna mji unaitwa Springfield, watu kama elfu 60. Ulikuwa mji wa viwanda, viwanda vikafa, vijana wakaondoka. Miaka ya karibuni zimekuja kazi za viwandani na maghala, na nyuma ya kazi wakaja Wahaiti, kati ya elfu 12 na elfu 20 kwa makadirio mbalimbali, wengi wao wakati huo wakiwa na kibali halali cha muda cha kuishi na kufanya kazi. Mji uliopungukiwa watu ghafla ukajaa. Kodi za nyumba zikapanda, foleni za zahanati zikarefuka, walimu wakapata watoto wasiojua Kiingereza. Hayo ni malalamiko ya kweli, na mwandishi mzuri angekuwa na kazi ya mwaka mzima kuyaeleza.

Kilichosafiri hakikuwa hayo. Mwaka 2024, katika kundi la Facebook la watu wa Springfield, mama mmoja aliandika kwamba Wahaiti wamemla paka wa mtu. Chanzo chake? Rafiki wa binti wa jirani. Hesabu mikono, dada. Mtu akaipiga picha posti ile akaipeleka kwenye mtandao wa X, ule wa zamani wa Twitter, na huko kila aliyeisukuma alipata watazamaji. Tarehe 9 Septemba gazeti la mji, Springfield News-Sun, lilichapisha jibu baada ya kufanya kazi ya kizamani kabisa, kuwauliza polisi. Polisi walisema hawana ripoti ya mnyama yeyote aliyeibwa. Kesho yake usiku, tarehe 10, Donald Trump alilisema jambo hilo kwenye mdahalo wa urais, mbele ya watazamaji wa televisheni wapatao milioni 67.

Tuna methali: lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Springfield lililosemwa halikuwapo, na lililokuja lilikuwa jingine. Vilikuja vitisho vya mabomu. Jengo la halmashauri likahamwa, shule zikafungwa, vyuo vikahamia mtandaoni, hospitali zikafunga milango. Gavana wa Ohio wakati huo, Mike DeWine, mwenyeji wa Springfield kwa kuzaliwa, alitaja vitisho visivyopungua 33, vyote vya uongo, vingine vikitoka nje ya nchi. Aliwapeleka askari wa jimbo wakague shule kila asubuhi kabla watoto hawajaingia. Aliyeandika posti ya kwanza alisema hadharani kwamba yeye hakuona kitu, na kwamba anajuta.

Kisa kimoja kidogo hakikupata watazamaji milioni 67. Mkazi mwingine wa Springfield alikuwa amewapigia polisi simu kuwashuku jirani zake Wahaiti kwa sababu paka wake amepotea. Siku chache baadaye paka alionekana, mzima, kwenye chumba cha chini ya nyumba yake mwenyewe. Yule mama akaenda kuwaomba radhi jirani zake. Binti yake alimsaidia, na maneno ya kuomba radhi yalitafsiriwa na programu ya simu.

Mimi nikifundisha somo hili husimama hapo. Simu ileile inayobeba tuhuma hubeba pia samahani, ila samahani haina haraka. Mitandao mingi huishi kwa matangazo, na matangazo hulipia macho yaliyoganda kwenye kioo. Kinachogandisha macho ni hofu na hasira. Kanuni za kompyuta zinazoamua uone nini kwanza hazijui paka kaliwa au kalala chumba cha chini. Zinajua watu wangapi wamebonyeza. Zamani pesa ya matangazo ya mji, bila kukusudia, ilimlipa anayeuliza polisi. Leo pesa ileile inailipia ile posti safari yake. Hapo ndipo naiweka hatia ya intaneti.

Nije kwa mdogo wako na piza yake. Programu za majirani zilianza kwa nia njema. Nextdoor, iliyo kubwa kuliko nyingine, ilifunguliwa mwaka 2011 ili watu wa mtaa mmoja waazimane ngazi na waulizane fundi bomba. Na kweli huazimana! Lakini miaka michache baadaye wakazi wa Oakland, California, walilalamika kwamba kila mtu mweusi anayepita njia anaandikwa kuwa "wa kutilia shaka". Mwaka 2016 kampuni ilibadilisha fomu: ukitaja rangi ya mtu, sharti ueleze pia nguo zake, na ueleze alichofanya. Kuna funzo la ufundi hapo, maana mtu akilazimishwa kuandika alichokiona hasa, mara nyingi anagundua hakuona kitu. "Alishika sanduku la piza akisoma namba za nyumba" haiwezi kuwa tangazo la kutisha.

Aliyempiga picha mdogo wako si lazima awe mtu mwovu. Ni mtu anayeishi mtaa ambao hamjui yeyote, na kila mara simu yake ikilia inamwambia kuna mtu mlangoni. Ukiarifiwa hatari mara ishirini kwa siku utaiona hatari hata kwenye piza. Mdogo wako alichofanya (hukuniambia alijibu nini) kingeweza kuwa hiki: aandike palepale chini ya picha, kwa jina lake na kwa utulivu, "Huyu ni mimi, nakaa mtaa wa pili, nilikuwa naleta chakula nyumba namba fulani." Nimeona watu wakijibiwa vizuri mno baada ya hapo, hata wakaletewa keki. Nimeona pia posti ikifutwa kimya bila samahani. Vyote viwili ni Marekani.

Usije ukadhani namsomea intaneti hitima. Tarehe 25 Mei 2020, Minneapolis, polisi walitoa taarifa kwamba mtu amefariki baada ya kupatwa na tatizo la kiafya akiwa na askari. Msichana wa miaka 17, Darnella Frazier, alikuwa amerekodi kwa simu yake askari akimkandamiza mtu huyo shingoni kwa goti, na usiku huo akaiweka video Facebook. Bila video ile, George Floyd angebaki mstari mmoja kwenye taarifa ya polisi, na huenda hata gazeti la zamani, lenye mazoea ya kunakili taarifa za polisi, lisingefukua. Hapo raia mwenye simu ndiye aliyekuwa shahidi, kwa sababu aliyeeleza aliona kwa macho yake. Tazama tofauti yake na rafiki wa binti wa jirani.

Na kuna Wamarekani ambao shida yao ni kuikosa hiyo intaneti. Mwaka 2020 shule zilipofungwa kwa korona, picha ya watoto wawili wa Salinas, California, waliokaa chini nje ya mgahawa wa Taco Bell ili wapate mtandao wa bure wa kufanyia masomo, ilienea nchi nzima. Serikali ikaanzisha mpango wa kulipia kaya dola 30 kwa mwezi za intaneti. Ulifikia kaya milioni 23, na mwezi Juni 2024 ukafa kwa kukosa fedha. Huko vijijini Appalachia, kusini-mashariki mwa Ohio nilikosoma, mtu anaweza kukosa gazeti na akakosa na mtandao pia.

La mwisho, kamera. Afunge akitaka, vifurushi hupotea milangoni kweli, na kwa mtu anayerudi kazini usiku ni ulinzi. Ila aielekeze kwenye ngazi zake na sanduku lake la barua, asiielekeze kwenye dirisha la yule jirani wa kushoto. Azime kurekodi sauti, kwenye mipangilio kuna sehemu yake. Ajue kwamba kwa kawaida video hukaa kwenye kompyuta za kampuni, na polisi wakija na amri ya mahakama kampuni itatoa. Zile arifa za kila kivuli kinachopita azizime zote abakize kengele tu, ili usingizi wake usiwe mali ya watu. Na kama ana dola chache kwa mwezi, ajiandikishe kulisoma gazeti la Dayton, lipo bado, hata kwenye simu. Vitumbua itabidi avifungie kwa karatasi nyingine.